Mchuuzi Mwungwana Katua Malindi

Nimeumaliza jana usiku, asubuhi nikauanza tena, na sasa naandika ungali moto kichwani. Kama hujapata kuusoma mchezo wa Mchuuzi Mwungwana, acha unachokifanya uutafute! Ni kichekesho cha Mfaransa Molière. Kilichezwa mara ya kwanza tarehe 14 Oktoba 1670 katika kasri la Chambord, mbele ya Mfalme Louis wa 14, na mwaka 1961 kikatoka kwa Kiswahili, mfasiri akiwa A. Morrison na mchapishaji East African Literature Bureau. Miaka yote hiyo kimo humu humu kwetu, na mimi mtu wa Malindi ya Unguja, mtaa ambao biashara na uungwana vimekaa mlango mmoja tangu enzi za masultani, ndiyo kwanza nakitia mkononi. Furaha niliyonayo siwezi kuificha na wala sitaki. Sinukuu hata mstari mmoja, maana nataka uyakute mwenyewe, lakini yaliyomo lazima niyaseme.

Bwana Jourdain ni tajiri wa Paris. Baba yake aliuza vitambaa na mali ikazaa mali. Nyumba anayo, watumishi anao, mke mwenye akili zake anaye, binti wa kuozwa anaye. Anachokosa, kwa hesabu yake mwenyewe, ni kuonekana mtu wa ukoo. Basi anakodi walimu: wa muziki, wa kucheza dansi, wa kitara, wa falsafa. Anashonesha nguo za mabwana wa ikulu. Anataka aseme wasemavyo wao, asimame wasimamavyo, apende wapendavyo, hata kumpenda bibi wa tabaka la juu ambaye hana habari naye. Kila mtu aliyemzunguka ameshamjua udhaifu, na kila mmoja anaufanyia biashara. Basi, ndiyo hadithi yote! Molière hakuhitaji zaidi, na kwa matendo matano sikuona mahali pa kupumua.

Nikaubeba kwenye baraza. Wapo watu wa kusoma peke yao kimya kimya, lakini mchezo huu unadai sauti, na uchochoro wetu uko hatua chache tu kutoka Msikiti wa Mnara, ule wenye mnara wa umbo la pia, mahali ambapo baada ya Alasiri wazee hawakosekani. Alikuwepo mzee mmoja aliyefanya kazi ya ukarani bandarini mpaka akastaafu, vijana wawili waliokwishafunga meza zao soko la samaki, na mama mwenye nyumba aliyejikalisha ndani ya dirisha, haonekani, lakini kicheko chake kilitufikia kabla ya cha mtu yeyote. Nikaanza na somo la mwalimu wa falsafa.

Hapo ndipo nilipojua nimeshika johari. Mwalimu anauliza tajiri anataka afundishwe nini. Mantiki? Hapana, ina maneno magumu. Maadili? Hapana, yeye ni mtu wa hasira na hasira zake anazipenda. Elimu ya maumbile? Kelele nyingi. Mwishowe wanakubaliana tahajia, na mwalimu anaanza na irabu. Anamweleza kwa kirefu kwamba ili utamke A unaufungua mdomo wazi. Ili utamke E unasogeza taya la chini karibu na la juu. Na kadhalika mpaka U, ambayo midomo hutokezwa mbele namna ya mtu anayemcheza shere mwenziwe. Jourdain anapagawa! Anayarudia, anashangaa, anawalaumu wazazi wake kwa kutomfundisha elimu hii kubwa tangu utotoni.

Sasa fikiria somo hilo linasomwa Unguja. Kiswahili kina irabu hizo hizo tano, kwa mpangilio huo huo, na hakuna mtoto aliyepita darasa la kwanza ambaye hakuziimba mpaka mwalimu akachoka. Watoto waliokuwa wakicheza mpira uchochoroni walisimama. Mmoja akaitika A, mwingine akadakia E, na kabla sijafika nusu ya ukurasa uchochoro mzima ulikuwa darasa, na yule mzee akawa anafungua mdomo kwa kila herufi huku machozi yanamtoka. "Rudia hapo, mwanangu," akaniambia, "huyu bwana analipa pesa kwa kitu alichozaliwa nacho!" Mfaransa anayetazama mchezo huu Paris anacheka, sina shaka. Lakini Mswahili anacheka kwa kumbukumbu ya mwili, kwa midomo yake mwenyewe, na sidhani kama kuna lugha nyingine ambayo onyesho hilo linaingia kwa wepesi namna hii.

Na bado! Jourdain anataka kumwandikia bibi yule kibarua cha mapenzi. Mwalimu anamuuliza: unakitaka kwa ushairi? Hapana. Kwa nathari? Hapana pia. Mwalimu anamweleza kwamba kisichokuwa ushairi ni nathari, na kwamba hata anapomwita mtumishi amletee ndara zake, hiyo ni nathari. Tajiri wa watu anagundua kwamba zaidi ya miaka arubaini amekuwa akisema nathari na asijijue. Nimelisikia jambo hili likitajwa mara nyingi na watu wasiojua limetoka wapi, lakini kulikuta mahali pake ni raha nyingine kabisa. Hapa kwetu, ambako mtu hujibiwa kwa beti redioni, harusini, hata kwenye ugomvi wa uani, mpaka wa ushairi na nathari tunaujua kwa masikio. Vijana wa samaki wakaanza pale pale kupima: maneno ya mnadani ni nathari au ushairi? Mabishano yakachukua muda mrefu kuliko onyesho lenyewe, na sikuyakatiza.

Masikio ndiyo siri ya mchezo huu. Nguo za Jourdain zinachekesha, mwendo wake unachekesha, lakini kinachomfichua ni kinywa. Na ni wapi kinywa kinapopimwa zaidi ya Mji Mkongwe? Lugha yetu ya mjini, Kiunguja, ndiyo iliyofanywa msingi wa Kiswahili sanifu, na mwaka 1930 kamati ya lugha ya Afrika Mashariki ikaanza kazi ya kukisanifisha. Watu wa hapa wamekua wakijua kwamba wasemavyo ndivyo vinavyoandikwa vitabuni. Mtu akifungua mdomo Malindi, kabla hajamaliza salamu, wameshajua kama ni wa Makunduchi, wa Pemba, wa Tumbatu au wa bara. Kwa hiyo mtu akijitia asichokuwa nacho, sikio linamkamata papo hapo. Tunaye anayekwaruza koo kwenye kila neno mpaka habari inakuwa khabari, hata mahali ambapo Mwarabu mwenyewe hakwaruzi. Tunaye aliyekaa London kidogo akarudi hajui jina la muhogo. Tunaye kijana aliyejifunza Kitaliano cha ufukweni Nungwi na sasa anamsalimia bibi yake kwa "ciao". Jourdain ana ndugu wengi kisiwani, na wote nawapenda, na wote ningewataka waje wamtazame.

Tendo la pili linafungwa na onyesho fupi ambalo nimelisoma kwa sauti mara nyingi kupita yote. Mshoni amemletea Jourdain suti mpya. Maua ya kitambaa yamegeuzwa kichwa chini! Mwenyewe analalamika, mshoni anamjibu kwamba hukusema unayataka wima, na mabwana wa ikulu wote huvaa hivyo. Basi, hayo yanatosha, tajiri anaridhika. Wasaidizi wa mshoni wanamvisha kwa kufuata muziki, kisha wanaomba bakshishi, na mmoja anamwita kwa jina la bwana mwungwana. Jourdain anafurahi, anatoa pesa. Wanapanda daraja, wanamwita kwa cheo kikubwa zaidi. Anatoa tena. Wanapanda tena. Anatoa tena, huku akijisemea kwamba wakifika kwenye daraja la juu kabisa mfuko wote utakwenda.

Nenda lango la bandari ya Malindi boti ya Dar inapofunga gati, simama usikilize wachukuzi. Abiria wa kwanza ni bosi, wa pili mheshimiwa, mwenye miwani ni daktari, mwenye kanzu ni shehe hata kama hajui kusoma juzuu ya kwanza. Ni onyesho lile lile, na bei hupanda kwa cheo vile vile! Tulikuwa na zama ambazo neno la heshima la kila mtu, kuanzia Rais mpaka mfagiaji, lilikuwa Ndugu. Siku hizi kuna vikao ambavyo nusu saa ya kwanza huishia kwenye kuvitaja vyeo vya waliohudhuria. Molière angekaa nyuma ya ukumbi na kalamu yake.

Lakini onyesho lililoniingia zaidi si la kuchekesha sana. Liko tendo la tatu. Dorante, bwana wa ikulu aliyefilisika, anakuja kumkopa Jourdain, kama kawaida yake. Safari hii anasema anataka wapige hesabu ya deni. Na Jourdain anatoa kikaratasi chake: kila kitu kimeandikwa. Pesa taslimu za mkononi, tena na tena. Zilizolipwa kwa muuza manyoya ya kofia. Zilizolipwa kwa mshoni. Kwa muuza vitambaa. Kwa mtengeneza matandiko ya farasi. Anazitaja mpaka senti ya mwisho, na jumla inatoka sawasawa, livre 15,800. Dorante anakubali jumla ni sahihi, kisha anasema: ongeza pistole 200, sarafu ya thamani kubwa kuliko livre, zifike livre 18,000 kamili, nitakulipa karibuni. Na Jourdain anampa! Kwa sababu Dorante amemwambia kwamba asubuhi ile alimtaja chumbani kwa mfalme.

Tazama alichokifanya Molière hapo. Kwa muda wa ukurasa mmoja tajiri huyu ni mtoto wa baba yake. Hababaiki, haigizi, hakosei tarakimu. Lugha ya daftari la madeni ndiyo lugha yake ya kuzaliwa, na akiisema ana heshima tele. Mke wake yuko pembeni anamnong'oneza aache, na anajua mke wake anasema kweli. Yule karani mstaafu wa bandarini alinyamaza kabisa hapo. Kisha akasema, "Hesabu kaipiga vizuri." Hilo tu.

Na Malindi hii ni mtaa wa madaftari. Toka barabara ya Mizingani utazame lile jengo la Dispensari ya zamani, roshani zake za mbao zilizochongwa mpaka basi. Tajiri wa Kihindi Tharia Topan, aliyewahi kukodi ushuru wa forodha ya Zanzibar enzi za Sultan Barghash, aliweka jiwe lake la msingi mwaka 1887, mwaka wa jubilei ya miaka hamsini ya Malkia Victoria, na Malkia akampa cheo cha Sir. Alifariki mwaka 1891, jengo halijamalizika. Sisemi alikuwa Jourdain, hasha! Alijenga hospitali, na mtu aliyejenga hospitali ana haki ya kuitwa atakavyo. Ninachosema ni kwamba hapa petu njia ya kutoka dukani kwenda kwenye cheo imepitwa, tunaijua kwa mawe na mbao, na mchezo unaoizungumzia njia hiyo unatuhusu.

Hapa pana swali ambalo mchezo umenilazimisha kulifikiri, na naona ndilo linaloufanya mkubwa. Tunamcheka nani? Utumwa ulipofutwa kisheria Zanzibar mwaka 1897, watu waliokuwa wakikatazwa hata kuvaa kofia mbele ya mabwana zao walivaa kanzu na kofia. Wanawake waliokuwa wakijifunga kaniki na merikani walivaa kanga za rangi, na baadaye buibui. Mwanahistoria Laura Fair ameieleza habari hiyo kwa uzuri katika kitabu chake cha mwaka 2001, Pastimes and Politics: jinsi nguo, taarabu na mpira vilivyokuwa njia ya watu wa Ng'ambo, upande wa pili wa Mji Mkongwe, kusema sisi pia ni watu. Waliokuwa na mali waliwacheka. Waliona ni kujitia. Siwezi kucheka kicheko hicho, na Molière hanitaki nikicheke. Jourdain hakukatazwa chochote na mtu yeyote. Ana kila kitu, na anakitupa ili afanane na watu wanaomdharau na kumla. Kati ya mtu anayedai utu alionyimwa na mtu anayenunua sifa za wengine pana bahari nzima, na mwandishi huyu aliyekufa mwaka 1673 aliiona bahari hiyo vizuri kuliko wachekeshaji wetu wengi wa leo, ambao humcheka mshamba wakamwacha anayemla.

Kuna kijana mmoja mchezoni, Cléonte, anayempenda binti wa Jourdain na kupendwa naye. Anapokwenda kuposa, swali la kwanza la mkwe ni: wewe ni bwana wa ukoo? Angeweza kusema ndiyo, wangapi husema! Kijana anajibu kwa adabu kwamba wazazi wake walikuwa watu wa heshima, yeye ametumikia jeshi miaka sita, ana mali ya kumtosha, lakini jina asilozaliwa nalo hatojipa. Jourdain anamkatia hapo hapo: binti humpati. Katika mchezo uliojaa watu wanaosema wasiyokuwa, hotuba hiyo ya kijana imesimama wima. Niliisoma polepole. Halafu, baadaye kidogo, inakuja kinyume chake: mtumishi wa Cléonte, Covielle, amejigeuza mgeni na anamwambia Jourdain kwamba marehemu baba yake hakuwa mfanyabiashara kamwe. Alikuwa mjuzi wa vitambaa tu, na kwa ukarimu wake alikuwa akivichagua, akivileta nyumbani, na kuwapa rafiki zake, nao wakimpa pesa! Jourdain anakaribia kulia kwa furaha.

Nilipowasimulia hayo barazani, mama wa dirishani alipiga ukelele. "Yakhe! Nasaba hiyo naijua mie!" Na nani haijui? Sensa za zama za ukoloni zinaonyesha jinsi watu walivyokuwa wakihama majina: maelfu waliacha kujiandikisha Waswahili wakajiandikisha Washirazi au Waarabu. Walikuwa na sababu zao, nyingine nzito kabisa, kwa kuwa serikali yenyewe ilipanga haki kwa makundi. Lakini babu kubadilishwa kazi baada ya kufa, hilo tunalijua bila ya kufundishwa na Mfaransa.

Sasa wanawake! Kama ungeniuliza mchezo ni wa nani, nisingesema wa Jourdain. Mkewe ni mwanamke wa kauli, hana haya ya kusema kwamba babu wa binti yao wa pande zote mbili waliuza vitambaa, na hataki mkwe atakayemwona mwanawe duni wala wajukuu watakaoona aibu kumwita bibi. Na yupo Nicole, mtumishi wa nyumba, ambaye akimwona bwana wake katika ile suti ya maua anacheka. Anaambiwa anyamaze, anacheka. Anatishiwa kipigo, anacheka, mpaka anaomba bora apigwe kuliko kuzuiwa asicheke. Ukurasa mzima hauna kitu ila kicheko! Mwigizaji yeyote mwanamke wa Zanzibar aliyekulia kwenye mipasho ya taarabu atalichukua onyesho hilo na kuliweka kiganjani.

Tendo la nne lina jambo ambalo sikulipenda, na lazima nilitaje waziwazi. Covielle anamdanganya Jourdain kwamba mwana wa Sultani wa Uturuki amefika na anataka kumuoa binti yake. Mwana wa Sultani ni Cléonte aliyejigeuza. Inafuata sherehe ndefu ya kumpa Jourdain cheo cha uwongo, yenye mufti, vilemba na ngoma, kwa lugha iliyochanganywa ya mabaharia wa Bahari ya Mediterania. Chanzo chake kinajulikana: mwaka 1669 mjumbe wa dola ya Uthmaniya, Suleiman Aga, alifika Ufaransa na fahari ya Louis wa 14 haikumstusha hata kidogo. Mfalme akataka Waturuki wachekwe. Muziki ulitungwa na Lully, naye mwenyewe akamcheza mufti, Molière akamcheza Jourdain, na msafiri d'Arvieux, aliyezijua nchi za Kituruki, akasaidia mavazi. Katika sherehe hiyo hata Kurani inatiwa kwenye mzaha. Hapana. Kicheko kilichokuwa kikimpiga mwenye kujikweza hapa kimegeuzwa upande kimeipiga dini ya watu kwa kumridhisha mfalme aliyekasirika. Mbali na adabu, hata kisanaa ni udhaifu: ghafla Jourdain hachekwi kwa ujinga wake mwenyewe.

Na dawa yake ni rahisi kiasi kwamba nimekesha nikiifikiria! Mwache mgeni huyo atoke Ulaya. Mfanye mwekezaji. Ashuke Malindi na boti yake, suti ya kitani, anasema silabi mbili zisizokuwa za lugha yoyote, na Covielle, mkalimani wake, anazifasiri kwa sentensi ndefu ya sifa. Mzaha huo wa silabi mbili na tafsiri ndefu umo kwa Molière tayari! Jourdain wetu anapewa cheo cha balozi wa heshima wa nchi isiyokuwepo, anavikwa koti la manyoya mwezi wa Februari, anapigwa picha. Mchezo unarudi kwenye shabaha yake na hakuna anayetukanwa ibada yake.

Tunayo mila ya kuubeba. Taarabu za zamani hapa pwani zilikuwa na vichekesho katikati ya nyimbo, michezo mifupi ya kumfichua mlaghai au mwenye kujiona, na Ebrahim Hussein aliujenga juu ya mila hiyo mchezo wake wa Alikiona, uliochapishwa mwaka 1970. Farouk Topan, mzaliwa wa Zanzibar, alitupa Mfalme Juha mwaka 1971. Na Siti binti Saad, mtoto wa Fumba aliyekuja mjini na kuimba kwa Kiswahili wakati taarabu ya ikulu ilikuwa ya Kiarabu, alidharauliwa kwa asili yake na mavazi yake. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi na sauti yake ikaenea pwani nzima kwa lugha ile ile waliyoiona ya chini. Ningependa Jourdain aajiri mwalimu wa muziki anayemfundisha kumdharau Siti. Kila mtu ukumbini atajua mara moja kapotea wapi.

Muziki wake pia upo. Lully aliandikia fidla na ngoma. Sisi tuna fidla, ganuni, udi na nai, na chuo cha muziki cha DCMA kilichoanza mwaka 2002 kimewatoa vijana wanaozipiga mpaka unasahau njia ya nyumbani. Ukumbi ni Ngome Kongwe, hewa wazi, ngazi za mawe. Mwigizaji wa Jourdain nimemtafuta kichwani usiku kucha. King Majuto wa Tanga, Mungu amrehemu, angekuwa hai ningempigia magoti. Uso wake ulikuwa na ile imani kamili ya mtu aliyekosea, na Jourdain bila ya imani hiyo si kitu. Miongoni mwa walio hai, Joti anazo sauti za kutosha kuwacheza Jourdain na walimu wake wote peke yake. Na ukiisha huo, mtu atuletee na ule mchezo mwingine wa Molière wa mwaka 1659, wa wasichana wawili wa shamba waliofika Paris wakaanza kuviita viti na vioo kwa majina ya kuzunguka, mpaka watumishi wawili waliojivika nguo za mabwana zao wakawachezea. Chake Chake na Mji Mkongwe vitapatana vizuri sana humo.

Barazani tumefika mwisho wa tendo la tatu. Tendo la nne tunalisoma Alhamisi baada ya Isha, kwa namna ile ya mwekezaji, na mama wa dirishani ameshasema sehemu ya Nicole hamwachii mtu. Njoo mapema, baraza lenyewe halichukui wengi, na watoto wa irabu wameshawahi mbele.